Mpole nyumbani, akifika kwa daktari anataka kula mtu: jibu kwa dada wa Kireka

Dada mmoja wa Kireka ameniandikia ujumbe mrefu, naufupisha ili twende pamoja. Ana mbwa anaitwa Taiga, miaka 4, nusu shepadi nusu wa kienyeji, nyumbani mpole mpaka watoto wanamlalia tumboni wakiangalia TV. Mwaka jana alipelekwa kuchomwa chanjo ya kichaa cha mbwa, ikabidi wanaume wanne wamkandamize mezani, mdomo umefungwa kwa bandeji, mbwa akajikojolea, na walipomwachia tu akamng'ata shambaboi mkononi. Tangu siku hiyo akisikia buti ya gari inafunguliwa anakimbilia nyuma ya tanki la maji hatoki. Saluni ya mbwa nao walimrudisha, wakasema huyu hatumuwezi, kwa hiyo kucha zimeanza kujikunja na manyoya ya nyuma ya mapaja yameshikana. Paka pia yupo, yeye husafirishwa ndani ya gunia. Chanjo ya Taiga inaisha baada ya miezi 2 na swali lenyewe ni hili: "Daktari, kuna kidonge cha kumlaza, ama nimuuze tu nitafute mwingine mwenye roho nzuri?"

Kidonge kipo dada yangu, nitafika huko, lakini sicho cha kuanzia. Kuuza sahau kwanza. Huyo mwingine ukimpeleka kwenye meza ile ile na wanaume wale wale wanne, mwakani utaniandikia tena.

Kabla sijaendelea, huo mkono wa shambaboi. Hukuniambia mlifanya nini na mimi naona watu wengi hapa Kampala wanafunga kitambaa tu wanaendelea na kazi. Mbwa akimng'ata mtu, hata mbwa wako mwenyewe, hata kidonda kidogo, osheni kwa sabuni na maji yanayotiririka dakika 15 nzima kwa saa, sio kumwagia maji tu na kufuta, halafu mtu aende hospitali siku hiyo hiyo waamue kama anahitaji sindano za kichaa. Msipake pilipili wala mafuta ya taa wala majani. Na mbwa mwenyewe asiuliwe kwa hasira, anafungiwa mahali salama anaangaliwa siku 10, maana akiwa na kichaa kwenye mate siku hizo haziishi bila kuonyesha. Kwa shambaboi wako miezi mingi imepita na Taiga bado anakula posho yake vizuri, kwa hiyo hakumwambukiza, lakini wajulishe wote nyumbani kwa ajili ya siku nyingine.

Sasa tuje kwa Taiga. Umeandika kwamba "ana kiburi akifika kliniki". Hana kiburi. Mbwa aliyejikojolea mezani ni mbwa aliyefikia mwisho wa woga, mkojo ule ulitoka wenyewe. Yeye anachojua ni kwamba aliingizwa kwenye gari, akashushwa mahali pananuka Jik na mbwa wengine wenye hofu, watu asiowajua wakamrukia, hawezi kuhema vizuri, halafu kitu kikamchoma, na kilichomwokoa mwishoni ni meno. Hapo amejifunza mambo mawili, kwamba gari ni mwanzo wa balaa na kwamba kung'ata kunafanya kazi. Mara ya pili mkileta wanaume watano badala ya wanne mtamshinda, ndiyo, lakini kila mnapomshinda kwa nguvu mnamthibitishia kwamba alikuwa na haki ya kuogopa, na mara ya tatu ataanzia vita getini kabla hata hamjatoka.

Na niseme kitu ambacho wenye mbwa wa ulinzi hawapendi kusikia. Huku kwetu tunamlea mbwa awe mkali. Tangu mdogo anafungwa mchana kwenye banda hata nje haoni, usiku anafunguliwa, mgeni yeyote kwake ni mwizi, mkono wa mtu unamfikia tu ukileta sahani au fimbo. Halafu huyo huyo mbwa mara moja kwa mwaka tunataka asimame kimya mtu mgeni amshike masikio, amfungue mdomo, amwingize themomita matakoni! Hiyo hesabu haiwezi kutoka. Kama kuna anayesoma hapa ana mtoto wa mbwa saa hizi, muda wa dhahabu ni kuanzia wiki ya 3 hadi kama wiki ya 14, hapo ndipo ubongo wake unapokea vitu vipya bila kuuliza sana: watu wa kila aina, boda, mashine ya kunyoa ikilia kwa mbali, mkono kwenye kucha. Muoneshe dunia ukiwa umembeba mikononi, usimshushe chini kwenye sakafu ya kliniki au barabarani mpaka chanjo zikamilike, maana parvo, ule ugonjwa wa virusi wa mbwa, inakaa kwenye udongo miezi na miezi na inaua watoto wa mbwa kila siku.

Taiga ana miaka 4 kwa hiyo huo muda umepita, lakini hajachelewa, atachukua muda mrefu tu.

Kitu kingine kabla ya mazoezi: hakikisha hana maumivu. Mbwa akianza kukataa kuguswa mahali fulani ambapo zamani alikubali, usikimbilie kusema tabia. Sikio lenye usaha, kupe aliyezama katikati ya vidole, jino lililooza, nyonga (mashepadi wana shida sana ya nyonga), hata hayo manyoya yaliyoshikana yanavuta ngozi kila akitembea. Ukimwona anatikisa kichwa sana au sikio linanuka, mwambie daktari kwenye simu mapema, maana hapo mazoezi peke yake hayatatosha.

Jifunze pia kumsoma. Watu huniambia "aling'ata ghafla tu bila sababu" na mimi huwa nauliza, kabla ya hapo alifanya nini? Mbwa mwoga hutoa notisi nyingi: analamba pua wakati hakuna chakula, anapiga miayo wakati hana usingizi, anageuza uso pembeni lakini jicho linabaki kukuangalia mpaka unaona weupe wake, mkia unaingia chini, anahema wakati hakuna joto, anakataa hata nyama, halafu mwili unakuwa mgumu, kisha ananguruma, kisha ndiyo meno. Kunguruma ni adabu, jamani! Ni mbwa anayekuambia tafadhali simama hapo. Ukimchapa kwa sababu amenguruma, woga unabaki pale pale, unachoondoa ni ile taarifa tu, na siku nyingine atapita moja kwa moja kwenye meno. Nimewashona watu waliofundisha mbwa wao kunyamaza namna hiyo, yaani sio mimi niliyewashona, mimi ni wa wanyama, lakini nimewasindikiza kwa aliyewashona.

Haya, kazi yenyewe inafanyika nyumbani kwako, jioni kabla hajala, akiwa na njaa kidogo. Unahitaji mukene, yaani dagaa. Hiyo mukene kavu ya kwenye soko, chagua iliyo safi isiyo na mchanga wala chumvi, ikate vipande vidogo, au maini yaliyochemshwa ukiweza. Usimpe kwa mkupuo. Tandika kipande cha mkeka au gunia safi mahali pamoja, huo mkeka ndio "kliniki" yenu ya nyumbani, akisimama juu yake mambo mazuri yanaanza, akishuka yanasimama na hakuna anayemfuata wala kumvuta. Hii ya kumruhusu ashuke ndiyo watu wanaiona ya kijinga na ndiyo kubwa kuliko zote, mbwa akijua anaweza kuondoka hana sababu ya kupigana.

Siku za kwanza gusa bega tu. Mkono unagusa, sekunde moja, unatoka, halafu mukene. Angalia mpangilio: kugusa kwanza, chakula baadaye. Wengi wanafanya kinyume, wanamuonesha chakula, mbwa anakuja, halafu wanamkamata, na baada ya siku chache mbwa anaanza kuogopa hata mukene yenyewe kwa sababu imekuwa chambo. Mguso ndio uwe habari ya kwamba chakula kinakuja. Ukiona mkono unakaribia na yeye anageuka kukuangalia usoni anasubiri, masikio laini, mkia unacheza, hapo umepata, songa mbele kidogo: shingo, sikio kwa nje, sikio kwa ndani, inua mdomo wa juu uone meno, shuka mguu, inua mguu, shika kidole kimoja. Akikaza mwili au akilamba pua rudi nyuma ulipokuwa jana. Dakika 2 au 3 zinatosha, acha yeye bado anataka. Mara mbili kwa siku ni vizuri kuliko saa nzima Jumapili.

Baadaye leta vitu vya daktari. Bomba la sindano lisilo na sindano, unaligusisha kwenye ngozi ya juu ya mabega, unabana ngozi kidogo, mukene. Pamba yenye spiriti, iache kwanza mbali anuse, mukene, halafu siku nyingine ipake begani, mukene. Usidharau hiyo pamba, kuna mbwa wanaona sindano hawajali, ila ile harufu ya spiriti ikiwafikia wanaanza kutetemeka kwa sababu ndiyo iliyotangulia uchungu. Mtu mwingine nyumbani naye afanye, kwanza shambaboi kama amekubali, taratibu na akiwa amekaa pembeni, maana yeye na Taiga wana deni. Watoto wasifanye, wao wabaki na TV.

Na mfundishe kuvaa kizuia mdomo, kile cha kikapu, cha plastiki au cha waya, ambacho ndani yake anaweza kufungua mdomo, kuhema na hata kunywa maji. Sio bandeji wala kile cha kitambaa kinachobana. Mbwa anapoza mwili kwa kuhema, ukimfunga mdomo kabisa kwenye joto la mchana na hofu juu yake, unaweza kumuua kwa joto wakati unadhani amekubali. Bandeji ni ya dakika chache za dharura tu. Cha kikapu unaweka mukene ndani, anaingiza pua mwenyewe, anakula, anatoa. Siku kadhaa hivyo, mkanda haufungwi. Ukiona anakikimbilia, funga sekunde chache, fungua, ongeza. Watu wakiona mbwa amevaa hicho wanasema mbwa mbaya huyo, waache waseme, mimi nikiona mbwa amekivaa ametulia najua nina mwenye mbwa aliyejiandaa, na mkono wangu ukiwa salama nafanya kazi polepole, na nikifanya polepole mbwa anatulia.

Gari nalo ni somo lake. Usianze na safari. Buti wazi, gari limezimwa, sahani ya chakula cha jioni karibu na gari, kesho karibu zaidi, keshokutwa ndani. Halafu injini ikiwa inawaka. Halafu mpaka getini na kurudi. Weka mkeka wa mpira ndani asiteleze, kuteleza tu kunatosha kumtia hofu. Siku ya safari toka asubuhi mapema, Jinja Road ukiikuta saa 3 pale Banda mpaka Nakawa mbwa atakuwa ameshachoka na kuhema kabla hamjafika, na usimwache kwenye gari lililofungwa juani hata kama "naingia mara moja". Boda hapana kwa mbwa mkubwa mwenye hofu. Kama huna gari kodi, na mwambie dereva mapema kuna mbwa, asije akaanza kelele mbele ya mbwa. Chakula kizito mpe kidogo tu au ruka cha asubuhi asije akatapika njiani, na njaa hiyo itasaidia mukene ifanye kazi (isipokuwa kama anaenda kulazwa kwa dawa ya usingizi, hapo fuata masharti ya daktari ya kufunga, hata mukene hapana bila kumuuliza).

Kliniki yenyewe ichague kwa simu. Uliza swali moja: "Mbwa mwoga mnamshikaje?" Wakijibu "usijali mama, tuna vijana wa nguvu", shukuru, kata simu, tafuta wengine. Unayemtafuta atakuuliza maswali yeye: anaogopa nini, anakula nini, amewahi kung'ata. Omba uwe wa kwanza asubuhi au wa mwisho, na msisubiri kwenye benchi pamoja na mbwa wengine na paka wanaolia, subirini kwenye gari au chini ya mti mpaka muitwe. Kabla ya siku ya chanjo pita pale mara kadhaa bila shughuli, apande mzani, apewe mukene na daktari mwenyewe, mrudi nyumbani. Kliniki nzuri haikatai hiyo. Siku yenyewe omba apimwe chini sakafuni juu ya mkeka wenu aliouzoea, sio mezani, mbwa mkubwa hana haja ya meza kwa sindano ya ngozi. Daktari akae pembeni, asimkodolee macho wala kumwinamia kichwani. Wewe unashika sahani ulioipaka siagi ya karanga, anaramba, sindano inaingia, wengi hata hawageuki. Siagi iwe karanga tupu, usichukue za nje zenye xylitol, hiyo sukari ya bandia ni sumu kwa mbwa.

Na ikikataa? Kama ni jambo la kusubiri, simamisha, nenda nyumbani, panga siku nyingine. Wenye mbwa wanaona aibu, wanasema daktari tumalize tu tumeshafika. Hapana. Kukata kucha si dharura. Chanjo inaweza kusubiri siku chache. Mbwa aliyegongwa na gari, huyo hasubiri, na huyo anapewa dawa ya kulala, hapiganwi naye.

Kumuita daktari nyumbani ni njia nzuri kwa wengine, na Kampala wapo wengi wanaokuja. Kwa Taiga sina uhakika wa kukushauri uanze nayo kwa sababu anawalinda nyie, na daktari anayeingia na begi getini ni yule yule mwizi aliyefundishwa kumkataa. Ukijaribu, mtoe Taiga nje ya geti kwa kamba, wakutane barabarani, watembee kidogo pamoja, halafu ndiyo waingie. Na hakikisha huyo daktari amesajiliwa na Uganda Veterinary Board na chanjo ameibeba kwenye kibebeo chenye barafu. Chanjo ya kichaa inatakiwa kukaa kati ya nyuzi 2 na 8, iliyozunguka kutwa kwenye mfuko wa koti juu ya boda usiiamini.

Sasa vidonge. Zipo dawa mbili tunazotumia sana kwa woga wa safari na kliniki, gabapentin na trazodone, mnyama anapewa nyumbani kama muda wa saa mbili kabla ya safari, akiwa bado hajaanza kuogopa, ukimpa wakati ameshapandisha moto mara nyingi haishiki. Kiasi anapanga daktari kwa uzito na baada ya kumpima, kwa hiyo sikuandikii miligramu hapa na usimuulize mtu wa duka la dawa akukadirie. Jaribu kwanza siku ambayo hamuendi popote uone anakuwaje. Dawa hizi zinamfungulia mlango wa kujifunza, haziondoi haja ya mkeka na mukene. Angalizo moja kubwa: gabapentin ya maji ya binadamu nyingine ina ile ile xylitol, kwa hiyo kwa mbwa sio ya kuchukua tu.

Dawa ambayo utapewa haraka zaidi ni acepromazine, ile inayomfanya ayumbe na jicho kulegea. Mwili unalala lakini woga haujaguswa, anasikia kila kitu na hawezi kukimbia, na wengine sauti inawashtua zaidi kiasi cha kuruka na kung'ata. Peke yake kwa mbwa mwoga mimi siitoi. Piriton ya kubahatisha, Valium iliyobaki ya bibi, waragi kwenye maziwa, hayo yote acha. Pombe ni sumu kwa mbwa. Panadol kwa paka inaua, hata kidonge kimoja.

Saluni tusikae sana. Taiga asirudi kule mpaka mkeka umekubali, na akirudi mwambie mwenye saluni asimwashie ile mashine ya kukausha, taulo na jua la asubuhi vinatosha. Nyumbani muogeshe kwa maji ya uvuguvugu, anzia nyuma, uso mfute kwa kitambaa, usimwagie kichwani. Manyoya yaliyoshikana usiyakate kwa mkasi wa nguo, ngozi inapanda ndani ya fundo na utamkata vibaya, yanyolewe kwa mashine. Na wenye spitz, ile nyeupe imejaa Kampala siku hizi, msiwanyoe upara eti joto, manyoya yale yanawakinga na jua pia. Dawa ya kupe ya ng'ombe, amitraz, watu wanaimimina tu kwa macho kwenye ndoo. Ikizidi inalegeza mbwa na kushusha mapigo ya moyo, halafu mwenyewe anafurahi kuwa ametulia. Kwa paka haiguswi kabisa.

Kucha ndiyo zinanisumbua zaidi kwa Taiga. Ndani ya kucha kuna nyama yenye damu na mshipa wa hisia, ukikata hapo umerudisha kazi yote nyuma. Kwa kucha nyeusi huoni nyama, kwa hiyo kata vipande vyembamba sana na uangalie sehemu uliyokata, ukiona doa la giza lenye unyevu katikati simama. Damu ikitoka bonyeza na unga wa mahindi, usipige kelele. Lakini kuna njia ambayo mbwa wengi waoga wanaipenda kuliko mkasi: chukua ubao, gundisha karatasi ya msasa, ile ya fundi seremala, uegemeze ukutani, mfundishe kuukwaruza kwa miguu ya mbele, kila akikwaruza mukene. Anajipunguzia kucha mwenyewe, hakuna aliyemshika. Ya pembeni, ile ya juu isiyogusa chini, haifiki kwenye ubao, na kama imeshajikunja hadi kuingia kwenye nyama usiiguse, hiyo ni ya daktari na dawa ya usingizi. Siku hiyo hiyo akiwa amelala waombe wamalize zote, wamnyoe na hayo mafundo na wamwangalie masikio.

Paka. Gunia litupe. Kwenye gunia haoni, hana pa kusimama, na akitolewa anatolewa kwa kuvutwa. Kama kikapu cha paka ni ghali, nenda soko la Owino ununue vikapu viwili vya plastiki vya nguo chafu, vyenye matundu, kimoja ukifunike juu ya kingine, funga kwa kamba pande zote, umepata kikapu kinachofunguka kwa juu. Kiache sebuleni muda wote na nguo uliyoivaa ndani yake, mlishe humo, awe analala humo, kisiwe kitu kinachoshuka kabatini siku ya daktari tu. Safarini kifunike na taulo, na kliniki kiweke juu ya kiti au meza, usikiweke chini mbwa wakipita wakinusa. Ndani, kifuniko kinatolewa na paka anapimwa akiwa amekaa kwenye nusu ya chini, taulo juu yake. Kumshika paka mkubwa kwa ngozi ya shingo na kumning'iniza, eti mama yake alimbeba hivyo, mashirika ya madaktari wa paka yameshasema tuache, anaganda kwa hofu. Na paka akianza kuhema mdomo wazi kama mbwa, simamisha kila kitu, hiyo kwa paka ni hatari. Dawa ya kupe ya mbwa yenye permethrin isimguse kabisa, wala asilale karibu na Taiga aliyepakwa hiyo.

Mwisho, hiyo miezi 2. Inatosha kwa bega, sikio, kikapu cha mdomo na gari, labda isitoshe kwa pamba ya spiriti na mtu mgeni kwa pamoja. Ikifika wiki ya chanjo bado hajawa tayari, usiisogeze mwezi mbele ukingoja awe malaika, nyumba yako ina watoto na mtaa una mbwa wasio na chanjo. Mpigie daktari wiki moja kabla, mpange kidonge cha nyumbani, avae kikapu chake, achomwe kwenye buti ya gari lenu hapo hapo uani kwa kliniki bila kuingia ndani, sekunde tano, mukene, mrudi Kireka. Mkeka mnaendelea nao kesho yake jioni.